Hewa ya Chumba cha Ndanu

Julai ya 1978 baridi ilikuwa kali. Ndanu aliingiza jiko la makaa chumbani kwake katika mtaa wa Ziwani, akafunga dirisha, akalala na wanawe wawili. Mumewe, Muindi, alikuwa zamu ya usiku. Kulipokucha, Kitonga, kifungua mimba wao, hakuamka. Syombua, wa miaka minne, alipona kwa kuwa alilala karibu na mlango.

Hakuna aliyemlaumu. "Ni moshi, si wewe," Muindi alimwambia. Lakini Ndanu aliacha kuuza mboga, akaacha kanisa, akaacha hata kusalimia watu mferejini. Kila alipotulia alisikia pumzi chini ya kitanda, za mtu anayetafuta hewa. Akichungulia, aliona viatu na beseni tu. Akiinuka, zilianza tena.

Aling'oa vioo vya dirisha. Muindi akavirudisha. Mumewe alipoenda kazini, Ndanu akaving'oa tena, safari hii pamoja na mlango. Mvua ya Novemba ikaingia mpaka kitandani, na Syombua akaanza kukohoa.

Jirani yao Fowsiya alikuja na shuka kavu. "Mama Kitonga, nipe mtoto alale kwangu mpaka apone."

"Kwako mnafunga dirisha."

"Ana homa, dada. Hebu mguse."

"Akifungiwa ndipo atakufa."

Jioni Muindi alimkuta bintiye ameloa, midomo imegeuka rangi, na mamake anampepea kwa kipande cha boksi. Alimbeba, akakimbia naye hospitalini. Ilikuwa nimonia. Mtoto alipopata nafuu, Muindi alimpeleka kwa nyanyake Machakos, naye mwenyewe akahamia mtaa wa Jericho.

Fowsiya aliendelea kumpelekea Ndanu uji. "Syombua amepona. Anacheza na binamu zake."

"Mlimzika wapi?"

"Hatujamzika, Mama Kitonga. Yuko hai."

"Na wewe wamekufundisha kusema hivyo."

Krismasi Muindi alimleta mtoto mwenyewe, amevaa gauni jipya. Syombua alisimama kizingitini akaita, "Mama."

Ndanu alishtuka. Hakutazama mlangoni. Alipiga magoti, akaingiza kichwa chini ya kitanda, akaongea na giza kwa sauti ya upole: "Nimekusikia, mwanangu. Sogea huku kwenye hewa."

Mtoto aliita tena, kisha akaanza kulia. Muindi alimshika mkono, wakaondoka. Hakumleta tena.