Mwanajuma wa Alhamisi

Karani wa vitambulisho alisoma fomu mara mbili, kisha akamtazama msichana aliyesimama mbele ya meza yake.

"Mwanajuma Kasyoki. Wewe ni Mwislamu?"

"Hapana. Sisi ni watu wa kanisa, huko Kalamba."

"Basi ulizaliwa Ijumaa. Jina hili hupewa msichana wa Ijumaa."

Mwanajuma hakuwa amewahi kulifikiria hilo. Nyumbani walimwita Mwana tu. Karani, ambaye hakuwa na foleni siku hiyo, akatafuta tarehe kwenye simu yake. Tarehe kumi na tano Novemba, 2007.

"Alhamisi," akasema. "Jina lako na cheti chako havijasalimiana."

Alisema kwa utani, lakini Mwanajuma alirudi nyumbani akiwa na fomu yake bila kuiwasilisha. Kama jina lilikuwa kosa, hakutaka lichapishwe kwenye kitambulisho. Angeweza kubaki na Kasyoki peke yake, jina la mama wa baba yake.

Mama yake, Wavinya, alikuwa akipepeta pojo uani. Aliposikia swali, akaweka ungo chini.

"Nilijua siku moja utauliza," akasema. "Baba yako alikuwa fundi wa mawe kule Kitui, tukapanga chumba kwa mama mmoja Mwislamu, Mwanamkasi. Uchungu ulinishika baba yako akiwa kazini mbali, na mvua ilikuwa imekatiza barabara. Mwanamkasi ndiye aliyekupokea kwa mikono yake. Akakufuta, akasema, huyu ni Mwanajuma, amekuja na Ijumaa."

"Na ilikuwa Ijumaa?"

"Alhamisi. Jana yake nilikuwa nimeenda ushirika wa akina mama kanisani, na huo ni wa Jumatano. Lakini mtu ameshinda amepiga magoti kwa ajili yako, utamwambia amekosea siku? Nikanyamaza."

Baada ya miezi michache walihamia Kalamba, wakapotezana na Mwanamkasi. Wavinya alikumbuka tu kwamba alikuwa akiuza leso karibu na msikiti. Jumatatu iliyofuata Mwanajuma akaenda Kitui. Aliuliza kwa wauzaji watatu kabla ya kuonyeshwa mwanamke mnene mwenye miwani, aliyekuwa akikunja leso kwenye kibanda cha mabati.

"Shikamoo, nyanya. Mimi ni mtoto wa Wavinya, aliyekuwa mpangaji wako. Mimi ni Mwanajuma."

Mwanamkasi alivua miwani, akaivaa tena. Akamshika mkono, akamkalisha kwenye kiti chake mwenyewe, akaagiza chai. Alitaka kujua habari za mama kwanza, na za baba, na kama huko Kalamba mvua imenyesha. Ndipo Mwanajuma akapata nafasi ya kuuliza, taratibu, kwa sababu hakutaka kumwaibisha.

"Nyanya, cheti kinasema nilizaliwa Alhamisi."

"Waliokiandika waliandika walivyoambiwa. Mama yako alikuambia ilikuwa saa ngapi?"

"Hapana."

"Nilikuwa nimeshaswali magharibi. Ulipolia, adhana ya isha ilikuwa inamalizika. Sasa, mwanangu, kwetu siku haingoji saa sita ya usiku. Jua likizama siku imekwisha, na ile nyingine imeingia. Ulizaliwa usiku wa Ijumaa. Ungetoka mapema kwa saa mbili ningekuita Mwanahamisi."

Mwanajuma alicheka, kwanza kidogo, kisha zaidi.

"Na hilo la pili, Kasyoki, lina maana gani?" Mwanamkasi akauliza. "Nimeishi na Wakamba miaka hii yote na sijawahi kuuliza."

"Ni mtu aliyerudi. Nyanya yangu aliitwa hivyo, ndiyo maana nikapewa."

"Aliyerudi," Mwanamkasi akarudia polepole.

Kabla ya kuondoka kibandani, Mwanajuma alimpigia mama yake na kumweleza yote.

"Kumbe miaka kumi na minane nimekuwa nikimsamehe yule mama kosa ambalo hakulifanya," Wavinya akasema. "Nipe nimsalimie."

Mwanajuma akampa Mwanamkasi simu, akachukua leso zilizobaki, akaanza kuzikunja.