Filamu Isiyo na Nyuso

Trevor alikuja mtaani kwetu Walukuba na kamera na maneno laini. Alitaka kutengeneza filamu ya mji usio na majina: migongo, miguu, mikono, bila uso hata mmoja. Wanawake wanaochota maji bombani walimkatalia. Mimi, niliyesoma shule ya jioni baada ya zamu za kiwandani, ndimi niliyewashawishi. Niliona fahari kuombwa. Hata Edinah, aliyemkimbia mumewe askari huko Mbale baada ya kuvunjwa mkono, nilimwambia, "Binti yangu, usiogope. Hatakuonyesha."

"Ukisema wewe, Mzee Semei, basi."

Jumamosi mchana filamu ilionyeshwa Mbale. Trevor alinikalisha mbele, akanitambulisha kuwa mzee wa Walukuba. Wageni waliguna kwa raha kila walipoona visigino vyetu vilivyopasuka. Kisigino cha mtu ni cha kugunia?

Kisha likaja bomba letu. Pale foleni hupangwa kwa jerikeni, si kwa watu, na kila moja ina alama ya mwenyewe, la sivyo inaibwa. Kamera ikaganda juu ya jerikeni ya Edinah: namba ya nyumba yao ya kambini Mbale, kwa rangi nyekundu, mwandiko wa mumewe. Alitoroka nayo kwa sababu hakuwa na nyingine. Nilikuwa nikiiona kila asubuhi, na sikufikiri.

Nyuma yangu mwanamume akacheka. "We! Si jerikeni ya Afande Gaster hiyo? Iliyopotea na mke! Ngoja nimpigie."

Nikasimama mbele ya mwanga. "Zima!"

"Mzee, kaa chini, kichwa chako si filamu!"

Trevor akaja mbio akinong'ona, "Mzee wangu, mbona hivi? Sikuonyesha uso wa mtu."

"Umeonyesha mwanamke mzima, mpumbavu wewe!"

Akaitazama ile picha tena. "Lakini ndiyo nzuri kuliko zote," akasema.

Kinyaa kilinipanda: kwa kijana huyu, kwa wale wagunaji, na zaidi kwa ulimi wangu mwenyewe. Nikatoka nje, nikampigia Edinah.

"Gaster atajua uko Walukuba. Panda boda sasa hivi, nenda Mafubira kwa dada yangu Topista."

"Nina maharagwe jikoni."

"Zima moto, uyaache!"

Nikasikia akifunga kufuli la mlango.

"Nimetoka, Mzee. Ila kwa dada yako siendi. Na ninakokwenda sikwambii."

Akakata kabla sijaomba radhi.