Kizimba cha Kukulia

Usiku wa kuamkia leo niliota nimesimama mbele ya duka la sare za shule pale Tukuyu, nimempakata Jemedari, mtoto wangu wa mbwa wa mbegu kubwa. Ana miezi mitatu, na miguu kama ya ndama.

Nilikuwa na haraka. Mke wangu, Mama Ambokile, alishatoa hukumu: "Akikojoa tena ndani ya hicho kizimba, asubuhi anarudi kwa waliokupa." Na kizimba nilikichagua mwenyewe, mimi niliyepata cheti kwa masomo ya jioni! Nilinunua kikubwa, cha kukulia, kama tulivyowanunulia wanetu sare. Mbwa hachafui anapolala; Jemedari akalala mbele, nyuma akapafanya choo.

Mlango wa duka unafunguka. Ndani ni darasa letu la zamani la watu wazima. Kwenye kiti cha mwalimu umeketi utepe wa kupimia, umejikunja mara nne.

"Umechelewa miaka arobaini," unasema. "Kizimba kinampasaje mbwa?"

"Asimame bila kuinama, ageuke, alale amejinyoosha!" Nilijibu hadi vioo vikatikisika. Swali nililijua!

"Mbwa yupi? Wa leo au wa mwakani?"

Papo hapo Jemedari akaanza kukua. Pua ikatokeza dirishani, mkia ukafika ofisini kwa mkuu wa shule. Utepe ukaruka, ukampima kuanzia puani hadi shina la mkia, ukaongeza upana wa kiganja.

"Kizimba chako ni sawa," ukasema, "kwa huyu."

"Na yule mdogo alale wapi, Mwalimu?"

"Hilo si somo langu. Muulize fundi."

Darasa linaondoka, tunabaki barazani. Cherehani inakuja ikitembea kwa miguu yake ya chuma. Inamtazama Jemedari, ambaye amerudi kuwa mdogo.

"Mzee wangu, sare za kukulia uliwavalisha watoto hivyo hivyo, zinaburuta?"

"Hata! Mama yao alizipinda. Kila mwaka alikuwa anafumua pindo, anashusha."

"Na kizimba umekipinda?"

Jamani! Nilirukaruka kama mtoto aliyefaulu mtihani.

"Kipinde!" nikapiga kelele. "Kwa nyuma! Mbakizie pa kulala na kugeuka tu. Akikua tutafumua!"

"Shika chuma," ikasema cherehani, "na usinisemeshe nikishona."

Nashika wavu wa nyuma, nauvuta mbele. Cherehani inaunguruma. Chuma kinapindika kama kitambaa cha kaki.

Niliamshwa na ukimya. Jua limeshatoka. Mama Ambokile amepiga magoti mbele ya kizimba, mkono umo ndani, anapapasa sakafu. Jemedari anamlamba kiwiko.

"Pakavu," akasema.

Kisha vidole vyake vikakwama kwenye wavu. Ukuta wa nyuma ulikuwa umesogea hadi katikati, umeshikizwa kwa uzi mweusi kutoka juu hadi chini.

"Baba Ambokile, hapa umeshona wewe?"

"Hapana."

"Nilijua. Wewe hata kifungo kinakushinda." Akauvuta uzi kwa nguvu; haukukatika. "Mshono wenyewe umekwenda upande. Haya, abaki."