Mama Ethan Hajala

...na supu itapoa, Jelagat, itapoa hapo mkononi mwako ukisimama mlangoni kama mgeni, gonga basi, sema hodi, sema nini sasa, aseme Mama Ethan kama alivyosema kila asubuhi miaka mitatu katika nyumba hii ya mjini Laurel, huku Amerika, kumbe siku hizi nne kila alipolitamka alikuwa anamtonesha Lorraine, mzee wa watu, kidonda, na yeye akidhani ni huzuni tu, huzuni ya mama aliyefiwa na mwanawe wa pekee akashindwa hata kumsindikiza kwa ajili ya mapafu na huo mtungi wa oksijeni, akageukia ukuta, akakataa uji, akakataa chai, na Jelagat naye akazidisha, pole Mama Ethan, jikaze Mama Ethan, kunywa kidogo tu Mama Ethan, mpaka dakika tano zilizopita simu ilipolia jikoni, dada wa huyo Lorraine, kutoka mji wa Needles, kule kwao Wamojave, wenyeji wa tangu zamani wa mto Colorado, sauti kavu isiyo na haraka, akauliza, unamwitaje dada yangu? na Jelagat akajibu kwa fahari, kwa jina la mtoto wake, ndiyo heshima kwetu Kenya... na yule mama akasema, sisi aliyekufa hatumtaji, jana tumemchoma pamoja na nguo zake na kiti chake, tumemwimbia kwa manyanga ya kibuyu mpaka kukapambazuka, ili aende, na wewe huko kila asubuhi unamwita arudi.

Unamwita arudi, ati, na angejuaje, kwenye kozi ya kutunza wazee walifundishwa kumgeuza mgonjwa asipate vidonda, hakuna aliyesema habari ya majina, na huyo dada mwenyewe aje basi hapa abadilishe shuka tuone... lakini si haki, Jelagat, uliambiwa, Lorraine alikusimulia habari za nyanya yake mwenye mistari ya bluu kidevuni, alipokufa nyumba yake ikateketezwa yote, isibaki hata kijiko cha kumrudisha nyuma, nawe ukatikisa kichwa kwa adabu huku ukiwaza, heri kwetu Nandi, nyumba ya mama anaachiwa kitinda mimba, na marehemu hatumfukuzi, tunamkaribisha, mtoto akizaliwa wanawake huketi wakitaja majina ya waliotangulia, mmoja mmoja, hadi mtoto apige chafya, basi huyo ndiye aliyerudi, na mama aliyefiwa ndiyo kabisa huachi kumwita kwa mtoto wake, ukiacha ni kama umemwambia hukuzaa.

Hukuzaa... hapana, hilo lisimfikie sasa, ana supu mkononi, lakini limeshafika, kwa sababu wiki ile ya kwanza Lorraine aliuliza, na wewe mwanao anaitwa nani? akasema Chemutai, na yule mzee akalifanyia mazoezi siku nzima, Che-mu-tai, akicheka na ulimi wake, tangu hapo ikawa Mama Chemutai niletee miwani, Mama Chemutai njoo dirishani uone theluji, hakuuliza mtoto yuko wapi, akadhani yuko Kapsabet kwa bibi yake, na kweli yuko Kapsabet, kando ya shamba la mahindi, mwaka wa saba huu chini ya udongo, homa ya uti wa mgongo, siku mbili tu, na Jelagat hakumsahihisha, angemsahihisha kwa nini, kanisani Greenbelt yeye ni Sister Jelagat, kwa ejensi ni jina kwenye ratiba ya shifti, ni humu tu, kwa mdomo huu mmoja, ndimo alimokuwa bado mama wa mtu, akainyamazia raha yake, na jana, jana mzee akiwa ameelekea ukuta alimsikia akilia akamwambia, usilie Mama Chemutai, wewe bado unaye... naye akanyamaza, Mungu amsamehe, akamwacha peke yake na msiba wake, mtu asiyemtaja hata mwanawe mwenyewe amefanywa kumtaja marehemu wa mwenzake miaka mitatu, kila siku, kwa upendo, na kumwita Mama tu kuanzia leo hilo ataliweza, hilo ni dogo, lakini hili lingine la Chemutai ataliingiza vipi humo ndani, ataliweka wapi, pembeni ya bakuli... kitanda kimelia, amegeuka, ameacha ukuta, Mama Chemutai, ni wewe? na Jelagat hasogei, anaisikiliza sauti ile yote mpaka inakwisha, kwa sababu akiingia atamwambia, na akishamwambia, Amerika nzima hakuna mtu atakayemwita hivyo tena.