Kamba ya Chiriku

Nimehama nyumba zinazotembea nyingi kuliko meno niliyobaki nayo, lakini ninayotaka kuisimulia ni ile ya mama yangu. Ilikuwa na vyumba vinne, jiko, na magurudumu kumi na mawili yaliyonizidi urefu. Ilikwenda mwendo wa mtu asiye na haraka, usiku na mchana, bila kusimama. Ingesimama, wakati wa nje ungeingia ndani kama moshi unavyopenya chini ya mlango.

Na wakati wa nje ulikuwa hauaminiki. Uliweza kuona mche dirishani, ukaenda kuchukua kikombe, ukarudi ukakuta gogo. Siku nyingine kulitulia, ukadhani mambo yamekwisha. Ndani, saa ya ukutani ilipiga sawasawa, uji uliiva kwa muda wake, na watoto tulikua kidogo kidogo, mama akituwekea alama za chaki kwenye mwimo wa mlango.

Aliyeshuka alifungwa kamba kiunoni, ndefu hatua arobaini, imeshikizwa kwenye ngazi. Ukiwa umefungwa kamba, uko ndani ya wakati wa nyumba. Kufunga ilikuwa kazi ya mpakaji grisi wa magurudumu, maana yeye ndiye alishinda chini karibu na ngazi. Mpakaji grisi nilikuwa mimi.

Mdogo wangu tulimwita Chiriku, kwa kuwa mdomo wake haukujua likizo. Alikuwa na miaka kumi na tisa, mimi ishirini na mbili. Asubuhi moja tunapita kisimani, akaja na ndoo.

"Bwana Grisi, nifunge basi, kisima kinatuacha!"

"Ngoja nifute mikono."

"Utafuta mpaka lini? Hiyo mikono ilizaliwa hivyo."

Nikacheka, nikamfunga. Sikufuta.

Alipoinama kuteka maji, niliona kamba inarudi peke yake, nyepesi, ikiburuzika vumbini. Fundo lilikuwa limeteleza. Nikapiga kelele. Akageuka, akaanza kukimbia na ndoo yake. Vumbi likamfunika, na lilipotulia, pale kisimani palikuwa na miti ambayo haikuwepo.

Nyumba yetu haikujua kurudi nyuma. Njia ilikuwa duara, siku kumi na moja hadi kisimani tena. Mama hakunigombeza, na hilo ndilo lililoniuma. Aliniambia tu, "Kula, mwanangu," nami nikaenda kunawa, nikanawa mpaka ngozi ikachubuka.

Siku ya kumi na moja nilijifunga mwenyewe, nikaacha ncha ndefu kwa ajili yake, nikashuka kisima hakijaonekana bado. Nje kulikuwa kumetulia. Kando ya njia aliketi bibi mmoja juu ya ndoo iliyopinduliwa, nywele nyeupe pe.

"Shikamoo, bibi," nikasema. "Hujamwona msichana mmoja..."

"Koma! Shikamoo, kaka. Na umechelewa."

Sauti haizeeki sana. Nikamsogelea.

"Chiriku?"

"Ulitaka nani? Miaka arobaini na miwili niko hapa. Wewe je?"

"Siku kumi na moja," nikajibu kwa aibu, kama mtu aliyekula peke yake.

Akainuka polepole, tukatembea sambamba na magurudumu. Nyumba ilikuwa inatupita.

"Panda," nikamwambia.

"Nipande nikafanye nini? Nina kibanda, nina kuku. Mume wangu nimemzika pale kwenye mawe. Nikaishi na mama niliyemzidi umri? Watu watacheka."

"Sikufuta mikono, Chiriku. Wewe ulinihimiza, lakini kazi ilikuwa yangu."

"Najua. Ile grisi niliinusa kwenye gauni langu mwaka mzima. Mwanzo nilikulaani. Halafu harufu ikaisha, nikaililia."

Kamba ilishaanza kukaza, inanivuta kiuno. Yeye alikuwa anahema, anabaki nyuma.

"Mama yupo?" akauliza.

Nikamwonyesha. Mama alikuwa amesimama mlangoni, nywele zake bado nyeusi, mkono juu ya macho. Hakuuliza huyu ni nani.

"Umekawia na maji, wewe!" akaita, na sauti ikamkatika katikati.

Chiriku akacheka, machozi yakimtoka. Akanigeukia. "Hebu lete mikono."

Nikamnyooshea. Ilikuwa safi, imepasuka kama udongo wa kiangazi. Akaigeuza huku na huku, akaikandamiza kidogo.

"Haya. Funga."

Nilimfunga mafundo matatu, nikamshika mkono, tukavutana mpaka ngazini. Ndoo hakukubali kuiacha.

Mama alimsimamisha kwenye mwimo wa mlango, akachora chaki. Alama ilikaa vidole viwili chini ya ile yake ya mwisho.

"Umepungua."

"Nani alikuwa ananilisha?"

Mama akaketi, akamkalisha mbele yake katikati ya magoti, akaanza kuzisuka zile nywele nyeupe. "Tulia, mwanangu. Usitikise kichwa."

Akatulia, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu azaliwe. Lakini mdomo ulimshinda.

"Halafu wewe, Bwana Grisi. Tangu kule njiani, shikamoo yangu hujaitikia."

"Marahaba," nikasema. "Marahaba, mdogo wangu."