Herufi Nne Hazikuenea

Nimefundisha sarufi miaka thelathini na moja, kwa hiyo mniwie radhi nikianza na somo. Kubeba ni kubeba. Kubebesha ni kumtwika mwenzako. Kubebeshwa ni kutwikwa wewe, utake usitake. Darasa la tano wanalijua hilo. Mdogo wangu, mwenyekiti wa kamati ya jubilei, ana shahada mbili na halijui.

Au analijua sana, na hilo ndilo linaloniuma.

Parokia yetu imetimiza miaka sabini na mitano. Kanisa ni zuri, sikatai. Kuta ni nene kiasi kwamba mtu anaweza kulala dirishani na kujigeuza. Ndani kuna matao kumi na mawili, na mnara wake unauona tangu kituo cha mabasi. Mawe yote ni meupe isipokuwa moja, jeusi, kushoto kwa mlango mkubwa, usawa wa kiuno. Kitabu cha jubilei kinasema mjenzi aliliweka makusudi, liwe ishara ya dhambi iliyozungukwa na neema. Nilipomsomea Mama hayo alicheka mpaka akakohoa.

"Neema! Lile ni jiwe la mtoni. Siku ile machimbo yalijaa maji, tukaambiwa tuokote lolote."

Mama ana miaka themanini na sita, na mtoto wa jicho ameshamfungia dunia. Kanisa lilipojengwa alikuwa na miaka kumi na mmoja. Kila mtoto aliyetaka mafundisho alipanda kilima na jiwe kichwani, moja asubuhi, moja jioni. Asiye na jiwe hakuingia darasani, na asiyeingia darasani hakubatizwa. Darasa lenyewe lilikuwa chini ya turubai, hapana daftari wala kalamu, herufi wakizichora mchangani kwa kidole. Dada yake Mama, wa miaka kumi na mitatu, alipata homa akaomba apumzike siku moja. Akajibiwa kwamba msalaba ulikuwa mzito zaidi. Alianguka njiani, na lile jiwe jeusi likamwangukia kifuani. Kesho yake Mama akatumwa kulifuata jiwe lile lile, maana lilikuwa limenyooka vizuri pande zote.

Kaburi la huyo dada limo chini ya maegesho ya magari. Walipoyapanua hakuna aliyeuliza.

Wenzake Mama wote wamekwisha, amebaki yeye. Kamati ikaamua sentensi yake moja ichongwe kwenye kibao cha marumaru, juu ya lile jiwe jeusi. Mama alikaa siku tatu akiitafuta. Siku ya nne akaniita niandike: Tulibebeshwa mawe haya.

"Na dada yako?" nikamuuliza. "Tusimtaje?"

"Usimtaje. Anayejua kusoma atamkuta kwenye hilo neno." Akanishika mkono. "Nilimwambia padre wa wakati ule, akaninyamazisha. Nilimwambia baba yenu, akasema yaliyopita si ndwele. Likichongwa, mwanangu, nitakufa vizuri."

Nikampa mdogo wangu karatasi ile mkono kwa mkono, nikamsomea mara mbili.

Jumamosi mchana, siku moja kabla ya sherehe, nilipita kanisani kupanga maua. Kibao kilikuwa kimeshapigwa sementi. TULIBEBA MAWE HAYA KWA FURAHA.

Lo! Damu ilinipanda kichwani. Nilimkuta mdogo wangu ndani, akipanga viti vya wageni.

"Nani kakutuma kumsahihisha Mama?"

"Dada, punguza sauti. Neno lilikuwa refu. Herufi nne hazikuenea."

"Hazikuenea! Na KWA FURAHA, herufi tisa, zimeenea vipi?"

Akavuta kiti kingine, akakinyoosha mstarini.

"Aisifuye mvua imemnyea," nikamwambia. "Wewe jiwe umelibeba lini, hata ujue furaha yake?"

"Askofu anakuja kesho, dada. Funika kombe mwanaharamu apite. Mama haoni. Msomee vile vile alivyosema, atafurahi, na wageni watafurahi. Ataumia nani?"

Ningekwenda kumtafuta fundi na patasi yake. Sikwenda. Nilijiambia Mama ana presha, nikajiambia Askofu yuko njiani, nikajiambia mengi. Miaka thelathini na moja nimewachapa watoto wa watu kwa kosa la herufi moja, na siku ile nilimaliza kupanga maua nikarudi nyumbani.

Jumapili pazia likavutwa, makofi yakapigwa, kwaya ikapokea. Watu walipoingia ndani, Mama akanivuta mkono.

"Nisomee."

"Tulibebeshwa mawe haya," nikasoma. Sauti haikutetemeka hata kidogo, ndio ualimu huo.

Mama akatabasamu, uso ukawa wa kisichana kabisa. Mdogo wangu alikuwa nyuma yetu na suti yake mpya, nikamsikia akishusha pumzi.

"Umesikia, Mama? Kama ulivyotaka mwenyewe."

"Nimesikia, baba. Sasa nipelekeni karibu niliguse."

Tukamsogeza. Tungefanyaje? Kidole chake kikaitafuta herufi ya kwanza, kikaipata. T. Halafu U. Kilikwenda taratibu, na midomo yake ikikifuata, kama mtoto wa chini ya turubai. Kikafika A, kikasogea mbele, kikakuta marumaru tupu. Kikarudi nyuma, kikapita tena pale pale.

"Shwa yangu iko wapi?"

Mdogo wangu alianza, "Mama, unajua, nafasi..." akaishia hapo. Ndani kwaya ilikuwa imeshika wimbo wa shukrani.

Mkono wa Mama ukashuka ukutani mpaka kwenye lile jiwe jeusi. Akakiacha kiganja juu yake kwa muda, kisha akajifuta vumbi kwenye nguo yake ya sikukuu.

"Nirudisheni nyumbani," akasema. "Lile la kwanza nilibebeshwa na watu baki. Hili mmenibebesha nyinyi, wanangu."