Baga ya Mkono Mmoja

Metroni alikuwa ameikalia mikono yake. Si kwa baridi. Jikoni kulikuwa na joto la kutosha. Aliikalia kwa sababu ilikuwa inamwasha, na kama angeiachia ingefika kwenye kikaango kabla yeye mwenyewe hajainuka kitini.

Mbele ya jiko alisimama mkwewe, fundi wa kuweka vigae, kijana mrefu wa maneno machache, akifinyanga donge la nyama ya kusaga kama mtoto anayechezea udongo.

"Usilibonyeze sana," alisema Metroni.

"Sawa, Mama."

"Na huo moto ni mkubwa."

"Sawa, Mama."

"Mama!" Binti yake aliita kutoka sebuleni. "Tulikubaliana nini?"

"Si nimekaa?"

"Na mdomo nao ukae."

Fundi aliinamia nyama yake ili mama mkwe asimwone akitabasamu. Metroni alimwona.

Jina la Metroni lilitoka kazini. Alikuwa amesimamia bweni la wasichana kwa miaka mingi, hata mumewe nyumbani akawa anamwita hivyohivyo. Kitinda mimba wake alipojifungua, alichukua likizo, akaja na begi moja na aproni mbili, na tangu siku hiyo nyumba ya watu ikashika adabu. Nepi zilikunjwa pembe kwa pembe. Masufuria yalihama kabati, vijiko vilihama droo, unga ulipanda rafu ya juu na chumvi ikashuka. Fundi akifungua droo kutafuta kisu alikutana na vibiriti. Hakulalamika. Alifunga droo taratibu, akatoka kusimama kibarazani.

Metroni hakuwa na ugomvi naye. Kijana alikuwa mpole, alirudi nyumbani mapema, alioga kabla ya kumshika mtoto. Ila hakuwahi kumwona akipika kitu zaidi ya chai, na hilo lilimnyima raha. Wala hakujiuliza angempikia saa ngapi mkewe, wakati aliyeshika jiko asubuhi na jioni alikuwa yeye.

Shule ilikuwa inakaribia kufunguliwa. Metroni alishakata shauri, bila kumwambia mtu, kwamba kesho yake angempigia mkuu wa shule kuomba likizo ya nyongeza. Halafu leo asubuhi binti yake akamtamkia wazi: "Mama, leo anapika baba mtoto. Nimetamani baga tangu nikiwa na mimba, na ameniahidi. Wewe utakaa."

Basi Metroni akajiwekea sharti la kimyakimya. Mwanamume huyu akimlisha binti yake leo akashiba, simu haipigwi, anafungasha. Akishindwa, anabaki, na mtu asimfungulie mdomo. Na tuseme ukweli, upande mmoja wa moyo wake ulikuwa unaiombea ile nyama iungue.

Nyama haikuungua. Fundi aliikaanga ikaiva vizuri, akaipandisha juu ya mkate wa duara uliopashwa moto, akaweka jibini, pete za kitunguu, vipande vinene vya nyanya, majani ya saladi, mayonesi, sosi ya nyanya, kisha akaifunika kwa nusu ya pili ya mkate. Baga ilisimama kwenye sahani kama mnara. Aliibeba sebuleni kwa mikono miwili, na Metroni akamfuata nyuma. Kukaa alikuwa amekubali, lakini hakuna aliyemkataza kutembea.

Binti alikuwa kwenye kochi, kichanga mkononi. Kichanga walikuwa wanamwita Bosi, kwa kuwa hakuna jambo lililofanyika mle ndani bila idhini yake. Na Bosi alikuwa na amri moja isiyovunjwa: jua likizama, halali kitandani, habebwi na baba, habebwi na bibi. Ni mama tu. Metroni, aliyewahi kunyamazisha bweni zima kwa kukohoa, alijaribu kila mbinu, akaishia kupigiwa kelele mpaka masikio yakaziba. Ndiyo maana binti yake alikuwa anakula kila siku kwa mkono mmoja, tena chakula kikiwa kimeshapoa.

"Jamani, baga yangu!" Binti alimeza mate. Aliinyanyua kwa mkono wa kulia, akapanua mdomo, akapanua tena. Haikuingia. Akaibana kidogo.

Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Nyama ilichomoka nyuma. Nyanya zikaifuata. Kitunguu kikadondoka kwenye zulia, jani la saladi likatua begani, na tone kubwa la mayonesi likaanguka katikati ya paji la uso la Bosi. Bosi alifumbua macho, akakunja uso kama mteja aliyekatishwa tamaa.

Binti aliangua kicheko. Alicheka mpaka kochi likatikisika. Kisha, katikati ya kile kicheko, sauti ikakatika, na machozi yakaanza kumtoka.

"Nataka tu kula kitu kimoja kikiwa cha moto," alisema. "Kimoja tu. Najua ni ujinga."

"Si ujinga," alisema mumewe.

"Nimelia kwa sababu ya nyanya."

"Nyanya yenyewe ilikuwa na kiburi."

Metroni alishafunga kamba za aproni. "Haya, yameisha. Nipishe nikachemshe supu, anywe kwa kijiko."

Akageuka kuelekea jikoni, akamkuta Fundi amefika mlangoni kabla yake. Alikuwa amesimama katikati, kiwiliwili chote kimejaza mlango, na uso wake ulionyesha kwamba yeye mwenyewe alikuwa anajishangaa.

"Mama, naomba unisamehe," alisema kwa adabu. "Supu yako ni nzuri, nimeinywa. Lakini leo niachie kidogo. Nikishindwa, jiko lako, na mimi sitatia mguu tena humo."

Tangu awe mkwewe, hakuwahi kumsikia akisema maneno mengi kiasi hicho kwa mkupuo. Metroni alimtazama juu mpaka chini. Wasichana wake bwenini walikuwa wanalijua jicho lile, na walikuwa wanahama korido wakiliona. Fundi hakusogea.

"Haya," alisema Metroni. "Mimi ninakaa."

Alikaa. Mikono akaikalia tena.

Fundi alisimama mbele ya ile nyama iliyobaki, akaikodolea macho kama ukuta uliopinda. "Tatizo si ukubwa," alisema, nusu akiongea peke yake. "Tatizo hakuna kilichoshikana na kingine. Nyama inateleza kwenye mkate, nyanya inateleza kwenye nyama. Ningeweka vigae hivyo ningefukuzwa kazini." Akageuka. "Mama, ile mikate myembamba, ya kukunjia nyama, ya kutengenezea taco. Ilikuwa kabati la chini. Umeihamishia wapi?"

Metroni alisikia joto masikioni. "Nyuma ya unga," alisema. "Rafu ya juu. Nilidhani hakuna anayeila."

"Mke wangu ndiye anayependa taco. Kabla ya Bosi ilikuwa kila wiki." Alisema hivyo bila lawama yoyote, akanyoosha mkono akaichukua.

Alitandaza mkate mmoja juu ya ubao. Akafungua mkoba wake wa kazi uliokuwa kando ya mlango, akatoa skrepa pana ya chuma, ile ya kusambazia gundi ya vigae. Metroni aliruka kidogo kitini.

"Hiyo!"

"Mpya, Mama. Haijawahi kuona saruji." Aliiosha hata hivyo, kwa maji ya moto na sabuni, mara mbili, kwa sababu jicho lilikuwa bado liko juu yake.

Halafu akaanza kazi, na hapo Metroni akasahau kukosoa. Kijana yuleyule aliyekuwa akifinyanga kama mtoto, sasa kiganja chake kilijua kinakokwenda. Alichota nyama mbichi, akaipaka juu ya mkate, akaisambaza kwa skrepa mpaka ukingoni, nyembamba, sawasawa kila upande. Akaugonga kwa kifundo cha kidole, ngo, ngo.

"Unabisha hodi kwa nani?" aliuliza Metroni.

"Mazoea tu. Kigae kikiwa na upepo chini, kinalia."

"Na nyama je?"

"Nyama imenyamaza. Nadhani iko sawa."

Aliupindua mkate, akaulaza kwenye kikaango nyama ikiwa chini, akaukandamiza kwa skrepa kwa uzito wake wote. Mafuta yalipiga kelele, harufu ikaruka mpaka sebuleni, na sauti ya binti ikauliza huko kuna nini. Fundi alipougeuza, nyama ilikuwa imeshika rangi ya kahawia, imegandana na mkate wake. Akatupia jibini juu, likaanza kulegea. Kisha akachukua kisu na nyanya nzima, akakata kipande kinene kama kile cha mwanzo.

Metroni alivumilia alivyoweza. "Mkwe," alisema hatimaye, "nyanya hiyo itakimbia tena."

Fundi alisita. Akaitazama nyanya. "Ni kweli."

"Ikatwe ndogondogo. Na kitunguu vilevile. Na saladi isokotwe, ikatwe kama nyuzi. Sosi zote ziende ndani, zipakwe juu ya jibini zishike, sio kumwagwa." Akaichomoa mikono aliyoikalia. "Naruhusiwa kushika kisu?"

Fundi alimgeuzia kisu, mpini ukielekea kwake. "Kisu tu, Mama."

"Kisu tu."

Walifanya kazi bega kwa bega, yeye akikatakata, kijana akipaka, akikandamiza, akikunja. Jiko lilikuwa dogo, viwiko vyao viligongana, na kila mara Fundi aliomba radhi mpaka Metroni akamwambia aache, maana nyama itaiva kabla samahani hazijaisha.

Binti aliletewa ya kwanza ikiwa bado inachemka. Ilikuwa imekunjwa katikati kama taco, lakini ndani ni baga tupu. Aliishika kwa mkono mmoja. Ikaingia mdomoni bila kubishana. Akauma, akafumba macho, na mafuta yakamtiririka mpaka kwenye kiwiko. Hakuna kilichoanguka. Alikula mpaka mwisho, akalamba kidole gumba, akanyoosha mkono.

"Nyingine."

"Sema tafadhali," alisema Metroni.

"Nyingine, tafadhali, kabla sijawauma nyinyi."

Aliletewa nyingine, na nyingine tena. Bosi, ambaye hakupenda kusahaulika, alijaza nepi kwa kishindo kilichosikika chumba kizima, na mama yake akaendelea kutafuna.

"Mume wangu," alisema, mdomo umejaa, "hii ni ya moto."

Fundi alikuwa ameegemea ukuta, skrepa mkononi, akimtazama mkewe anavyokula.

Metroni naye alikuwa anamtazama binti yake anavyotazamwa. Kisha akarudi jikoni. Iliyobaki kikaangoni ilikuwa imeungua upande mmoja. Aliila akiwa wima, mpaka mwisho.

"Chumvi imezidi," alimwambia Fundi alipoingia.

"Nitapunguza."

"Na mimi nikaangie nyingine. Isiyoungua."

Alimkaangia. Metroni aliila hiyo akiwa amekaa, mikono yote miwili iko mezani. Alipomaliza alijifuta mdomo na kusema, kana kwamba anaongelea hali ya hewa, "Jumapili una kazi?"

"Hapana, Mama."

"Basi utanipeleka stendi. Wasichana wangu wanarudi shuleni, na bweni bila mimi hugeuka soko."

"Mama, unaondoka?" binti yake aliuliza kutoka sebuleni, na sauti yake ilikuwa ya yule mtoto wa zamani aliyekuwa akimng'ang'ania sketi.

"Nitarudi likizo ijayo. Nikute umenenepa." Metroni alikunja midomo, akageukia kabati haraka kabla macho hayajamtia aibu. Alishusha sufuria kubwa, akaiweka mezani, akashusha na ya pili. "Mkwe, hebu njoo. Nionyeshe hizi zilikuwa zinakaa wapi."

"Acha tu, Mama. Hata hapo ni pazuri."

"Sikukuuliza kama ni pazuri."

Fundi alicheka kwa sauti, mara ya kwanza mbele yake. Akafungua kabati la chini, akaanza kumwonyesha: masufuria huku, kikaango hapa, mikate ya taco mbele, mtu aione akifungua. Vibiriti vikatoka kwenye droo, visu vikarudi. Alipofika kwenye unga, alinyanyua mkono kuushusha, kisha akauacha.

"Unga ubaki huko juu," alisema. "Hapo uliweka vizuri, panya haufikii."

"Nilijua," alisema Metroni, akavua aproni moja kati ya zile mbili, akamtundikia kijana msumarini nyuma ya mlango.